Imeingia au bado?

Najua nimepotea, wiki mbili nzima sijaandika kitu. Kulikuwa na majaribio matatu mfululizo, halafu yakaja mambo ya kifamilia, ambayo ndiyo haya nataka kuwasimulia leo maana nimeona yanagusa wengi.

Tuanzie tunapopajua wote. Ukikaa kwenye vimbweta mwanzoni mwa semesta, kuna swali moja linazidi hata salamu: "Imeingia?" Hakuna anayeuliza ni nini imeingia. Bumu bwana! Tangu mwaka wa masomo 2022/23 hela ya chakula na malazi ni shilingi 10,000 kwa siku, zamani ilikuwa 8,500, na ikiingia unawaona watu wanatembea tofauti kabisa. Mama ntilie wa Sinza Mapambano anajua siku bumu limeingia kabla hata sisi wenyewe hatujaangalia salio.

Sasa wiki tatu zilizopita hilo swali nililisikia mahali pengine. Nilikuwa Kigogo, upande wa bondeni, kwa mama yangu mdogo. Watu wazima, wazee wenye kanzu, kina mama wenye watoto mgongoni, wanaulizana vilevile kama sisi: "Kwako imeingia?" "Ya jirani imeingia jana, mimi bado." Tofauti ni kwamba sisi tunangoja hela ya wali maharage, wao wanangoja thamani ya nyumba zao.

Kwa ambao hamfuatilii: Bonde la Msimbazi lina mradi mkubwa, mkopo wa Benki ya Dunia pamoja na fedha za Hispania na Uholanzi, ulioidhinishwa 2022. Daraja jipya la Jangwani, kuondoa karakana ya mabasi ya mwendokasi pale chini ambako kila masika ilikuwa inageuka bwawa, kupanua mto, na kuwahamisha watu wanaokaa ndani ya bonde kwa kuwalipa. Kila atakayelipwa awe na akaunti ya benki. Hapo ndipo hadithi inapoanzia.

Lakini kwanza niseme kitu kuhusu maneno. Mimi mtu wa lugha na elimu, mtanivumilia. Watanzania tuna majina mengi ya hela anayopewa aliyepatwa na janga. Kuna fidia. Kuna kifuta jasho. Kuna kifuta machozi. Kuna mkono wa pole, kuna msaada, kuna rambirambi. Ukisikia haraka haraka utadhani ni kitu kimoja, kumbe jina ndilo linaloamua kama una haki ya kudai au huna. Fidia ina sheria. Ukichukuliwa eneo lako, Sheria ya Ardhi ya 1999 na kanuni zake za 2001 zinataja vitu mpaka vijidogo: thamani ya ardhi na ulichoendeleza, posho ya usumbufu, posho ya usafiri, faida uliyopoteza kama ulikuwa na biashara, na posho ya makazi ambayo inapigwa kodi ya mwezi mara 36. Ikicheleweshwa zaidi ya miezi 6, inadaiwa na riba. Kifuta machozi je? Hakuna kanuni ya machozi. Unapewa ulichopewa, unasema asante.

Mbagala wanalijua hili kuliko mtu yeyote. Tarehe 29 Aprili 2009 maghala ya mabomu ya jeshi yalilipuka pale Mbagala Kuu. Mimi nilikuwa mtoto mdogo, tulikuwa tunakaa Temeke, ninachokumbuka ni vioo na mama ananiburuza kwa mkono mmoja bila viatu. Wakafa watu zaidi ya 20, nyumba kibao zikabomoka au kupasuka kuta. Watu wakaandikwa, nyumba zikatathminiwa, malipo yakatoka kwa awamu, na malalamiko yakaendelea miaka. Ukikaa na wazee wa kule mpaka leo watabishana: ile ilikuwa fidia au kifuta machozi? Sio ubishi wa kijiweni huo. Kabla hata hawajamaliza, tarehe 16 Februari 2011 yakalipuka ya Gongo la Mboto, maelfu ya watu wakalala Uwanja wa Uhuru.

Halafu mwaka huohuo, Desemba 2011, ikaja ile mvua. Mnaikumbuka? Mamlaka ya Hali ya Hewa walisema Dar haijapata mvua ya namna ile tangu 1954. Watu zaidi ya 40 walipoteza maisha, wengi wao bondeni. Wakati ule serikali haikuwalipa watu wa bondeni hela ya nyumba, iliwapa viwanja Mabwepande. Walioenda walianza maisha kwenye mahema, mbali na kila walichokijua. Wengine walirudi bondeni, wengine hawakuondoka kabisa, Mamdogo wangu akiwa mmojawapo. Alinijibu siku moja nilipomuuliza: "Mwalimu, vitumbua vyangu nauza Ilala saa kumi na moja alfajiri. Mabwepande nimuuzie nani, nyani?"

Nina rafiki tunasoma naye, kwao Bukoba. Nilipomwambia habari za hizi akaunti alicheka, sio kicheko cha furaha. Kwao tetemeko lilipiga tarehe 10 Septemba 2016, ukubwa 5.9, watu 17 wakafa. Nchi nzima ilichanga. Ikatangazwa akaunti ya kamati ya maafa, watu wakatuma kwa benki na kwa simu, shuleni kwetu tulipitishiwa bakuli. Kabla mwezi haujaisha, Rais Magufuli akatengua uteuzi wa Katibu Tawala wa Mkoa na Mkurugenzi wa Manispaa ya Bukoba, kwa madai kwamba imefunguliwa akaunti nyingine yenye jina linalofanana na ile ya maafa. Januari 2017 akaenda mwenyewe Bukoba, akawaambia wananchi waziwazi kwamba serikali haitawajengea nyumba mmoja mmoja, itarudisha miundombinu ya umma. Shule, zahanati, barabara.

Na kweli, Ihungo Sekondari iliyokuwa imebomoka ikajengwa upya, ikawa shule ya kupendeza. Sasa mimi mtu wa ualimu nisemeje? Siwezi kusema shule si mahali pa kuweka hela ya maafa. Mwaka mmoja ujao naweza kupangiwa palepale Ihungo nikafundishe Kiswahili chini ya paa hilohilo. Lakini bibi wa rafiki yangu hasomi Ihungo. Nyumba yake ilipasuka kutoka dirisha mpaka msingi, akalala chini ya turubai, akajenga tena kwa hela ya buni na ya wajomba walioko Mwanza. Waliotuma elfu mbili mbili zao kwa simu, ukiwauliza walikuwa wanamfikiria nani, watakuambia walimfikiria bibi. Hapa mimi nina msimamo: kama hela itajenga shule, tangaza kabla ya kupitisha bakuli kwamba ni ya shule. Watu watatoa tu, Watanzania tunatoa. Hanang, baada ya yale maporomoko ya tope ya tarehe 3 Desemba 2023 yaliyoua watu 89, zilijengwa nyumba 109 kule Waret kwa waliopoteza makazi, kwa hiyo tusiseme haiwezekani.

Haya, turudi kwa Mamdogo.

Alinipigia saa kumi na mbili asubuhi.

"Mwalimu, uko wapi?"

"Shikamoo Mamdogo. Niko Sinza, nimelala."

"Marahaba. Amka. Imeingia, na haitoki."

Nikapanda daladala mpaka Kigogo. (Sinza yenyewe, kwa wasiojua, ni mtoto wa Benki ya Dunia pia. Miaka ya 70 ndiyo ilipimwa viwanja kwa ule mradi wa viwanja na huduma, ndiyo maana mitaa yetu imenyooka. Bado watu wanasema ni Kinondoni, japo kwa karatasi ni Manispaa ya Ubungo. Na Mto Ng'ombe unaopita kwetu, siku hizi umejengewa kuta za zege, unaenda kumwaga maji kulekule bondeni kwa Mamdogo. Yaani taka tunazotupa Sinza anakuja kuziondoa yeye mlangoni kwake.)

Nyumba yao iliandikwa jina la Bamdogo. Kawaida. Kiwanja alinunua yeye miaka ya nyuma kabla hawajaoana, kwa karatasi ya serikali ya mtaa. Wathamini walipokuja kupiga picha, yeye ndiye aliyesimama mbele ya nyumba ameshika kibao chenye namba. Mamdogo alikuwa Ilala kwenye vitumbua. Aliporudi jioni akaambiwa nyumba imeshapigwa picha. Akauliza swali moja tu: "Na mimi nimo?"

Sasa msinielewe vibaya, Bamdogo si mtu mbaya. Masika kumi na tisa amepanga viroba vya mchanga mlangoni, amebeba watoto shingoni usiku, ameezua na kuezeka upya. Lakini ana mke mwingine Mbagala, na Mamdogo aliona mbali: hela ikiingia kwa jina moja, simu moja ndiyo italia, na hiyo simu inaweza kulia ikiwa Mbagala. Akaenda kwa mjumbe, akaenda kwa wajomba zake, kikao kikakaliwa. Kikao cha saa nne! Wakaamua ifunguliwe akaunti ya pamoja, watoe kwa sahihi mbili. Mwenye busara aliyetoa wazo hilo ni mzee mmoja jirani, ambaye kisa chake ni cha kinyume, yeye alilipwa peke yake na mkewe akarudi Tanga.

Ndiyo maana ilikuwa imeingia na haitoki. Bamdogo anataka kirikuu, abebe mizigo, aingize hela kila siku. Mamdogo anataka kiwanja Chanika, ajenge hata vyumba viwili kabla ya mvua. Kila mmoja ana nusu ya ufunguo. Wiki nzima wanalala nyumba moja, wanakula sahani moja, hawaongei habari ya hela. Watoto watano na bibi mmoja wanawaangalia. Maji yalikuwa yanaingia kwa watu wanane, hela imeingia kwa majina mawili.

Na kuna wa tisa ambaye hakuwa kwenye hesabu kabisa, kijana wa chipsi aliyepanga chumba cha uani. Yeye hana nyumba, hana kibao, hana picha. Siku aliposikia imeingia alikuja akauliza kwa adabu tu, kodi yake ya miezi miwili aliyolipa mbele inakuwaje. Mamdogo akamrudishia kwa hela ya vitumbua, pale pale, kabla hata ya kutoa shilingi moja benki. Bamdogo akanuna.

Halafu simu sasa! Sijui hao watu wananusa wapi. Siku ya pili baada ya hela kuingia, Bamdogo akapata ujumbe: ile hela nitumie kwenye namba hii. Siku ya tatu akapigiwa na mtu mwenye sauti nzito, "natoka makao makuu, tunahakiki akaunti, nitajie namba ya siri". Bahati nzuri mzee ana tabia ya kutomwamini mtu yeyote, pamoja na mimi. Lakini jirani yao wa nyumba ya tatu alitaja. Naomba kila mwenye mzazi au shangazi anayesubiri malipo ya namna hii ampigie simu leo. Sio kesho.

Mwishowe wakakubaliana, sitasema nani alilegea. Kiwanja kwanza, kinachobaki tutaona. Tukaenda benki watu watatu, benki yenyewe sitaitaja. Bamdogo akasaini, ikakubali. Mamdogo akasaini. Dada wa dirishani akaangalia kwenye kompyuta, akaangalia karatasi.

"Mama, sahihi haifanani."

Akajaribu tena. Haifanani. Mara ya tatu mkono ukaanza kutetemeka, nyuma yetu foleni imefika mlangoni, mtu anaguna. Siku ya kufungua akaunti binti yake alimwonyesha, akaandika jina kwa herufi zilizoungana, la kupendeza kabisa. Sasa peke yake anaandika herufi moja moja, kama alivyofundishwa darasani. Yule dada, kwa nia njema nadhani, akamwambia: "Mama, tujaze fomu tubadilishe, uweke dole gumba tu. Ni rahisi."

Mamdogo akachukua kitambulisho chake, akakirudisha kwenye khanga, akatoka nje.

Nilimkuta amekaa kwenye ngazi. Nikamwambia dole gumba halina shida, hata laini za simu tangu 2019 tunasajili kwa alama za vidole, profesa na mpiga debe sawasawa. Akaniangalia. "Dole gumba aliweka bibi yangu. Mimi nimefika la nne. Nikiweka dole gumba leo, baba yako huyu kesho atasema mama yenu hajui kusoma, nitie sahihi mimi mwenyewe."

Hapo nikanyamaza, maana nilielewa kwamba hatuzungumzii tena benki.

Darasani tunafundishwa kwamba Mwalimu Nyerere aliutangaza 1970 kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima. Tunakariri kwamba 1967 karibu theluthi mbili ya watu wazima walikuwa hawajui kusoma na kuandika, na kufikia 1986 takwimu za serikali zilisema amebaki mmoja katika kumi. Tunaandika kwenye mtihani, tunapata alama, tunasahau. Hakuna aliyewahi kuniambia darasani kwamba kuna mtu anajua kusoma kabisa, anasoma gazeti la siku, lakini mkono wake haujui kurudia jambo lilelile mara mbili kwa sababu tangu la nne hakuna aliyemdai aandike jina lake. Anahesabu faida ya vitumbua kichwani haraka kuliko mimi na kikokotoo. Sahihi tu.

Basi jioni ile nikanunua daftari la mistari la shilingi mia tano, tukakaa uani kwenye jamvi. Kwanza tukachagua sahihi tutakayobadilishia, fupi, herufi ya kwanza ya jina lake na ukoo wa baba yake. Alikataa ukoo wa mume, na mimi sikuuliza. Nikamwambia aandike mistari mitano. Akaandika kurasa tatu. Siku ya pili nikakuta ameandika mpaka nyuma ya daftari, na pembeni ya vitumbua amefungia karatasi zilezile, wateja wa Ilala wanakula vitumbua wamefungiwa sahihi za Mamdogo. Mtoto wake wa mwisho, wa darasa la pili, ndiye alikuwa anasahihisha. Anaweka vema na kosa kwa kalamu nyekundu, mkali kweli. Huyo mtoto nikimaliza shahada nitampa kazi yangu.

Jumatatu iliyofuata tukarudi. Akajaza fomu ya kubadilisha sahihi, Bamdogo akaitia sahihi yake pembeni, wakaambiwa wasubiri siku mbili tatu. Alhamisi nikakimbia kipindi cha saa nne (mhadhiri wa saikolojia, kama unasoma hapa, nilikuwa naumwa) nikawakuta wameshafika kabla yangu, wamekaa benchi moja, wamevaa vizuri kama wanaenda harusini. Akasaini mara moja. Dada akaangalia kompyuta, akagonga muhuri. Mamdogo hakusema kitu, alifunika kalamu yake aliyokuja nayo kutoka nyumbani, maana ile ya benki iliyofungwa kamba anasema nzito.

Kiwanja Chanika kimelipwa, mbele ya mwenyekiti wa mtaa, karatasi ina majina yote mawili. Shida yake sasa ni kwamba alfajiri ya Ilala kutoka Chanika ni safari ya kuamka saa nane usiku, na hilo hakuna jedwali la posho lililolipiga hesabu. Anafikiria kuhamishia vitumbua kituo cha mabasi cha kulekule. Bamdogo bado anataja kirikuu kila akipata nafasi, Mamdogo anajibu "tutaona".

Juzi amenipigia tena. Anataka kutoa hela ya matofali na fomu ya benki inataka kiasi kwa tarakimu na kwa maneno. Tarakimu hazimsumbui. Ameniuliza kama "laki" inaandikwa kwenye fomu au ni ya mdomoni tu, na nikirudi nimletee daftari jingine, lile limeisha.

Haya jamani, umeme umekatika hapa Sinza na chaji imebaki kidogo. Wa kundi letu la semina, kazi ya kesho nimemaliza sehemu yangu, msinisumbue. Na wa bumu... kwangu bado. Kwako imeingia?